Mafuta ya Anza na Ukimya wa Kiswahili: Mtazamo kutoka Maua

Asiyejua maana haambiwi maana, walinena wahenga. Aghalabu methali hii hutumiwa kumkejeli mtu mzito wa kuelewa, lakini katika suala la mafuta ya petroli kaskazini mwa Kenya imegeuka kuwa utaratibu wa kazi. Kwa takriban miaka hamsini makampuni yamekuwa yakitoboa ardhi ya Isiolo, Marsabit, Wajir na Garissa yakitafuta mafuta. Ripoti zimeandikwa, ramani zimechorwa na mikataba imetiwa saini. Mfugaji anayelisha ngamia wake juu ya ardhi hiyo hajaambiwa maana kwa kuwa hajui maana, na hataijua kwa kuwa hajaambiwa. Makala haya yanashikilia kwamba lawama hii haiwaendei wanajiolojia na serikali pekee. Sehemu yake kubwa inawaendea wasomi wa Kiswahili, ambao wameiacha taaluma ya miamba ikae bila lugha ilhali watu wanaohitaji kuielewa wanazungumza Kiswahili kila siku sokoni.

Mahali pa kuanzia mjadala huu ni Maua. Anayesimama kwenye kingo za vilima vya Nyambene asubuhi isiyo na ukungu, huku mgongo wake ukielekea mashamba ya miraa na majani chai, huiona ardhi ikiporomoka mbele yake hadi kwenye tambarare kavu isiyo na mwisho. Upande wa mashariki iko Mbuga ya Wanyama ya Meru. Kaskazini-mashariki ziko njia za Garba Tula na Merti. Kwa macho ya kawaida hapo ni mpaka wa kijani na kahawia, wa mkulima na mfugaji. Kwa macho ya jiolojia ni mpaka wa dunia mbili za miamba. Nyambene ni kazi ya volkeno. Lava yake iliendelea kutapikwa hata katika enzi ambazo wanajiolojia huziita za juzi, na udongo mwekundu unaomlisha Mwigembe ni majivu na lava iliyooza. Chini ya volkeno hiyo kuna miamba mikongwe ya mgeuko, ile ya Mkanda wa Msumbiji, iliyobanwa na kuchomwa zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita. Atakayetafuta mafuta ya petroli hapo atakuwa kama anayetafuta maziwa kwa fahali.

Chini ya tambarare ile ya mbele, hata hivyo, mambo ni mengine kabisa. Huko limezikwa Bonde la Anza, mfereji mkubwa uliopasuka kuelekea kaskazini-magharibi na kusini-mashariki, kutoka pande za Ziwa Turkana hadi kukaribia pwani ya Lamu, mwendo wa takriban kilomita 600. Ufa huo si mmoja na Bonde la Ufa ambalo kila mwanafunzi wa shule ya msingi hulichora. Ni mkongwe kuliko hilo kwa miaka mingi mno. Ulianza wakati bara kuu la Gondwana lilipokuwa likivunjika na kisiwa cha Bukini kikijitenga na pwani ya Afrika, katika enzi za Jurasiki na Kretasia. Wataalamu wengi huuona kama mkono mmoja wa mpasuko ulioghairi: ardhi ilianza kuachana, ikafika mahali ikasita, bahari mpya haikuzaliwa, na pakabaki shimo. Katika shimo hilo mito ilimwaga mchanga, maziwa yalituliza tope, mimea na viumbe vya majini vikafa na kuzikwa, tabaka juu ya tabaka, hadi unene wa mashapo ukafikia kilomita kadhaa. Kwa sadfa ya kupendeza, Kretasia ndiyo enzi ambamo mimea yenye maua ilienea duniani. Baadaye lava ikaja ikafunika sehemu za uso wa ardhi hiyo, mvua zikapungua, na leo juu yake kuna majangwa ya Kaisut na Chalbi. Chalbi nayo ilikuwa ziwa, maelfu kadhaa tu ya miaka iliyopita. Jina lake, kwa lugha ya Wagabra, hutaja uwanja mtupu wenye chumvi.

Mafuta huzaliwa vipi humo? Kanuni yake haimshindi mtu yeyote aliyewahi kuinjika chungu. Tope jeusi lililojaa mabaki ya viumbe ndilo viungo. Likizikwa kina cha kilomita mbili, tatu au nne, joto la ardhi hulipika. Kati ya nyuzi 60 na 120 hivi za Selsiasi, mabaki yale hugeuka mafuta ghafi. Joto likizidi mno, mafuta huvunjika yakawa gesi, na likizidi zaidi, chungu huungua, hakiliwi. Yakishaiva, mafuta hayakai mahali yalipopikwa. Hupenya yakipanda juu, kwa kuwa ni mepesi kuliko maji, hadi yakutane na mwamba wa mchanga wenye vitundu vya kuyapokea, na juu yake pawe na mwamba mgumu wa tope wa kuyazuia yasitoroke. Kikikosekana kimoja tu, iwe ni tope jeusi, joto la kiasi, mwamba wa kupokea, kifuniko au wakati mwafaka, hakuna mafuta. Anza ina mashapo mengi na ina tope la maziwa ya kale. Ina pia volkeno nyingi zilizopenya na kuchoma chungu hapa na pale. Hapo ndipo penye utata wake wote.

Utafutaji wenyewe una historia ambayo wanafunzi wa Kiswahili wangestahili kuijua, walau kwa ajili ya majina yake. Visima vya Anza-1 na Bahati-1 vilichimbwa mwaka 1976. Mwishoni mwa mwongo huohuo kampuni ya Chevron iligundua mafuta katika bonde la Muglad nchini Sudan, ambalo wanajiolojia wengi huliona kuwa na uhusiano wa kiumri na kimaumbile na Anza. Matumaini yakapanda. Mwishoni mwa miaka ya 1980 vikachimbwa Ndovu-1, Duma-1, Kaisut-1, Hothori-1, Chalbi-3 na vinginevyo, vikiwemo viwili vilivyopewa majina ya nyota, Sirius na Bellatrix. Dalili za mafuta na gesi zilionekana katika baadhi yake. Mafuta ya kuuza hayakuonekana. Kati ya 2009 na 2010 kampuni ya Kichina ya CNOOC ilichimba Bogal-1 huko Merti, Isiolo, kina cha zaidi ya mita 5,000, ikakuta gesi isiyotosha biashara. Mwaka 2013 kikafuata Paipai-1 huko Marsabit, nacho kikaacha dalili zisizopimika vyema. Mwaka 2014 Sala-1 kilitoa gesi, ila Sala-2, kilichochimbwa kuupima wingi wake, hakikuthibitisha kitu. Hadi leo hakuna hata pipa moja lililouzwa kutoka Anza.

Ushindi ulipatikana kwingine. Tarehe 26 Machi 2012 Rais Mwai Kibaki alitangaza kwamba kisima cha Ngamia-1, katika bonde la Lokichar huko Turkana, kimepata mafuta. Lokichar ni bonde changa, mtoto wa Bonde la Ufa la sasa, na hadithi yake haifai kuchanganywa na ya Anza, ingawa magazeti yaliichanganya. Miaka saba baadaye, Agosti 2019, shehena ya kwanza ya mafuta ghafi iliyobebwa kwa malori iliondoka Mombasa. Mwaka 2025 kampuni ya Tullow iliuza sehemu yake yote kwa kampuni ya Kikenya ya Gulf Energy. Ngamia, Twiga, Ndovu, Duma, Bahati: majina ya visima ni Kiswahili fasaha. Yaliyomo katika ripoti zake hayana hata neno moja la Kiswahili. Lugha imeitwa arusini ikaachwa mlangoni kupokea viatu vya wageni.

Hapa ndipo hoja ya makala haya inapoanza kuuma. Maneno machache ya Kiswahili yanayotumiwa kuhusu mafuta hupotosha zaidi ya yanavyoeleza. Chukua neno *bonde*. Mzee wa Garba Tula akiambiwa kwamba mafuta yanatafutwa katika Bonde la Anza, atainua macho kulitafuta bonde hilo, na hataliona, kwa kuwa mbele yake pako sawa kama sinia. Bonde analolijua ni mahali palipoinama kati ya milima miwili. Bonde la wanajiolojia limezikwa, limejaa hadi kingoni, na huenda juu yake pakawa na kilima. Neno *beseni* lingekuwa na manufaa zaidi: beseni lililojaa mchanga hubaki kuwa beseni hata usipoona ukingo wake. Wako watakaolikataa kwa kuwa linanuka jikoni. Wasisahau kwamba wanajiolojia wa Kiingereza nao walilichukua neno la beseni la kunawia, wala taaluma yao haikushuka hadhi.

Baya zaidi ni neno *kisima*. Kwa Kiswahili, na kwa maisha ya kaskazini mwa Kenya, kisima ni cha maji. Mji wa El Wak unabeba jina linalomaanisha kisima cha Mungu. Huko Borana, ng'ambo ya mpaka, visima virefu viitwavyo *tula* huchotwa na safu ya watu wanaopokezana ndoo huku wakiimba. Katika nchi ya namna hiyo, tangazo kwamba kampuni imechimba kisima lina uzito wake. Kisha hutangazwa kwamba kisima ni kikavu. Kikavu kwa nani? Katika lugha ya mafuta, kisima kikavu ni kile kisicho na mafuta ya kuuza; chaweza kuwa kimepita katikati ya maji tele. Kwa mfugaji ambaye mifugo yake inakufa kwa kiu, kukiita kikavu kisima chenye maji ni ama uongo ama wazimu. Na hakuna aliyesema uongo. Ni istilahi iliyotafsiriwa na mtu aliyekuwa na haraka.

Kuna pia tamko maarufu *mafuta yamepatikana*. Vyombo vya habari hulitumia kwa mambo matatu yasiyofanana: dalili za mafuta kwenye vipande vya mwamba vinavyoletwa juu na mtambo, mafuta yanayotiririka kisima kinapojaribiwa, na akiba iliyopimwa, ikathibitishwa kwamba inalipa gharama za kuitoa. Kati ya hatua ya kwanza na ya tatu huweza kupita miaka ishirini, na visima vingi havitoki katika hatua ya kwanza. Mhariri wa Kiswahili hana maneno ya kuzitenganisha, au anayo lakini hayajakubaliwa, hivyo huandika tu kwamba yamepatikana. Hivyo ndivyo matumaini ya uongo yanavyotengenezwa, bila mtu kudhamiria.

Matumaini hayo si mchezo. Isiolo iko kwenye njia ya mradi wa LAPSSET uliozinduliwa Lamu Machi 2012, na mpaka kati ya Meru na Isiolo una mizozo ya miaka mingi. Uvumi wa mafuta ukishuka juu ya mpaka wa namna hiyo, kila kichaka hupata mwenyewe wa kale, na kila mwenyewe hupata wakili. Mtu anayejua kwamba lava ya Nyambene na miamba ya mgeuko iliyo chini yake si mahali pa mafuta hangegombea jiwe la Kiutine kwa ajili ya utajiri usiokuwepo. Lakini nani amemweleza? Elimu ya miamba anayoipata mtoto wa Igembe huishia kwenye jiografia ya Kiingereza ya shule ya upili, na mtoto wa Merti ambaye hakufika shule ya upili haipati kabisa.

Ieleweke kwamba sheria haikatazi kuwaeleza watu kwa lugha yao. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 7, imekitangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa, na kukifanya lugha rasmi sambamba na Kiingereza. Kifungu cha 35 kinampa raia haki ya kupata habari, nacho cha 69 kinaitaka dola ihimize ushiriki wa umma katika utunzaji wa mazingira. Kanuni za tathmini ya mazingira za mwaka 2003 zilitaka tangazo la mradi lisomwe redioni kwa lugha rasmi na kwa lugha za wenyeji. Sheria ya Petroli ya mwaka 2019 imegawa mapato ya serikali: asilimia 75 kwa serikali ya kitaifa, 20 kwa kaunti na 5 kwa jamii ya mahali. Ila ripoti yenyewe ya tathmini, ile yenye kurasa mia kadhaa ambamo imeandikwa taka zitamwagwa wapi na maji yatalindwaje, huwa ni ya Kiingereza. Redioni hutangazwa kwamba kuna mradi. Barazani mwakilishi wa kampuni huzungumza kwa dakika kadhaa, mkalimani akafupisha, wazee wakapiga makofi, na orodha ya mahudhurio ikatiwa saini kama ithibati kwamba umma umeshirikishwa. Ridhaa ya mtu asiyeelewa anachoridhia haina tofauti na alama ya kidole gumba chini ya hati za ardhi za enzi ya mkoloni.

Watakuwepo wanaosema kwamba watu wa Anza wana Kiborana, Kisomali, Kirendile na Kigabra, na kwamba Kiswahili si lugha yao ya mama. Ni kweli, na kila lugha kati ya hizo inastahili kazi yake. Lakini hebu msomaji ashuke soko la Maua alasiri, magari ya miraa yakipakiwa. Mwigembe anauza, Msomali ananunua, Mborana amekuja na mbuzi, dereva ni Mkamba. Wanapatana bei kwa Kiswahili. Kiswahili chenyewe kina mikunjo ya Kimeru na Kisomali, na mwalimu wa sarufi angekitia wino mwekundu kutoka mwanzo hadi mwisho, lakini pesa hubadilisha mikono na hakuna anayeibiwa kwa kutoelewa. Biashara hiyo imejiundia istilahi bila ruhusa ya baraza lolote: *giza*, *kangeta*, *alele*, *kolombo*, *mbaine*. Kila neno lina maana mahususi kuhusu urefu wa kijiti, rangi, umri wa mti na bei. Anayechanganya mbaine na kangeta hurekebishwa hapohapo, kwa kicheko kisha kwa hasara. Watu wanaoweza kutenganisha daraja tano za kijiti watashindwaje kutenganisha dalili, ugunduzi na akiba?

Kwa hiyo hoja kwamba mambo ya miamba ni magumu mno kwa Kiswahili haina mashiko. Iliyo na mashiko zaidi ni hoja kwamba istilahi zinazoundwa ofisini hufa ofisini. Historia inaiunga mkono. Kamusi za istilahi za sayansi zimetungwa Dar es Salaam kwa miongo kadhaa, nyingi kwa umahiri mkubwa, na nakala zake zimepanga safu kwenye rafu za maktaba zikiwa safi kama siku zilipotoka mitamboni. Hata dhana za msingi zina majina yanayogombana: kuna asemaye *miamba mashapo*, kuna asemaye *miamba tabaka*, kuna *miamba ya moto* na kuna *miamba ya mgando*. Kasoro si kwamba waundaji hawakujua lugha. Walianzia upande usio wake: walichukua orodha ya Kiingereza wakashuka nayo, badala ya kwenda kwanza kwa watu ambao kazi yao ni kuchimba ardhi.

Mfano mmoja unatosha kuonyesha kinachopotea. Neno zito kuliko yote katika jiolojia ya mafuta ni lile la mwamba unaohifadhi mafuta. Vitabu huhangaika kulieleza, kwa sababu msomaji hufikiri mafuta yamekaa chini kama ziwa ndani ya pango. Sivyo. Yamekaa katika vitundu vidogo kati ya chembe za mchanga uliogandamana. Sasa, mtoto yeyote wa kifugaji kaskazini mwa Kenya anaijua *laga*, mto wa msimu uliokauka. Anajua kwamba juu ya laga ni mchanga mtupu, lakini ukichimba kwa mikono maji hujikusanya shimoni. Anajua kwamba maji hayo hayako katika tangi, yako *ndani ya mchanga*. Anajua pia kwamba hukaa pale kwa kuwa chini kuna udongo mfinyanzi usiopitisha maji, na kwamba si kila laga ina maji. Mwambie mtoto huyo kwamba mamilioni ya miaka iliyopita palikuwa na laga, ikazikwa, mchanga wake ukagandamana ukawa jiwe, na badala ya maji mafuta yakaingia kutoka chini na kuzuiwa na tope lililo juu. Amekwisha kuelewa kile ambacho mwanafunzi wa mwaka wa kwanza wa jiolojia huhitaji mihadhara miwili kukielewa. *Laga zikwa* ingekuwa istilahi bora kuliko nyingi zilizomo katika kamusi. Neno laga limekwisha kuingia katika Kiswahili cha Isiolo na Garissa; kamusi ndizo zilizochelewa.

Na wanafunzi wa Kiswahili wako wapi? Inasikitisha kukiri kwamba wengi wao wako maktabani wakiandika tasnifu ya arobaini kuhusu taswira ya mwanamke katika riwaya ileile, huku msimamizi akiwa tayari anaijua hitimisho kabla ya sura ya kwanza. Fasihi haina kosa. Lakini katika vyuo vingi idara ya jiolojia na idara ya Kiswahili zimetenganishwa na uchochoro tu, na ni nadra kuona mwanafunzi wa upande mmoja akivuka. Kila mwaka wanafunzi wa jiolojia huenda nyanjani kutazama miamba. Mmoja wa Kiswahili akienda nao, akiwa na daftari, akawasikiliza wachimba visima vya Merti, akarudi na maneno mia moja yenye maana zilizohakikiwa, hiyo ni tasnifu ambayo serikali ya kaunti, kampuni na mzee wa kijiji wangeihitaji kwa pamoja.

Lugha pekee, bila shaka, haileti haki. Tanzania ni ushahidi. Gesi asilia iligunduliwa Songo Songo mwaka 1974 na Mnazi Bay mwaka 1982, na kufikia mwaka 2013, baada ya serikali kuamua kujenga bomba la kuipeleka Dar es Salaam, kila mtu wa Mtwara alikuwa ameusikia mjadala kwa Kiswahili, kuanzia hotuba za bajeti bungeni hadi vijiwe vya kahawa. Ghasia zikazuka Januari. Mei ghasia zikarudi, na watu wakapoteza maisha. Bomba likajengwa. Aliyetaka kusema kwamba Kiswahili kingeyazuia hayo anajidanganya. Hata hivyo, tofauti moja ni kubwa: wana-Mtwara walijua wanapinga nini. Waliuliza gesi inaondoka kwa bei gani, nani atapata ajira, kiwanda kitajengwa wapi. Walishindwa wakiwa ndani ya mjadala. Mfugaji wa Anza hushindwa kabla mjadala haujaanza, na hana hata habari kwamba kulikuwa na mchuano.

Linalofanya jambo hili lisisubiri si mafuta, ambayo pengine hayapo. Ni maji. Ndani ya mashapo ya juu ya Anza kuna hodhi kubwa ya maji ya Merti, inayotandaa chini ya ardhi kuelekea Habaswein, Dadaab na mpaka wa Somalia. Katikati maji yake ni matamu, pembeni yana chumvi. Kambi za wakimbizi za Dadaab, zilizoanza mwaka 1991, zimeishi kwa maji hayo, pamoja na miji na mifugo isiyohesabika. Kisima chochote cha mafuta kinachoelekea kilomita tatu chini katika eneo hilo hupita kwanza katikati ya maji ya watu. Kinga ni bomba la chuma linaloshindiliwa kwa saruji, na usalama wake hutegemea kazi ilivyofanywa na jinsi kisima kilivyozibwa baada ya kuachwa. Kisha lipo tope la kuchimbia, lenye kemikali zake, ambalo sharti limwagwe mahali. Huko Kargi, Marsabit, wakazi wamedai kwa miaka mingi kwamba taka za uchimbaji wa miaka ya 1980 ziliharibu maji yao na kuwaletea maradhi, na madai hayo yamejadiliwa hata Bungeni. Dai likikosa lugha ya kulithibitisha au kulikanusha hubaki kuwa uvumi, na uvumi haumponyi mgonjwa wala haumwondolei lawama asiyekosa.

Bei ya mafuta duniani hupanda na kushuka, na kila inapopanda, ramani za Anza hutolewa kabatini. Watafutaji watarudi. Siku hiyo kutakuwa na baraza, pengine chini ya mti huohuo wa mkwaju au mgunga uliotumika mara ya mwisho. Maswali ya kuulizwa si mengi. Kisima kitapita katika mchanga wenye maji kwa kina gani? Bomba la kinga litafika wapi, na nani atalikagua saruji ilipokauka? Tope la kuchimbia litamwagwa wapi, na shimo lake litatandikwa nini? Mtambo ukikuta maji badala ya mafuta, kisima hicho kitaachiwa wenyeji, au kitazibwa na kuitwa kikavu? Asilimia tano ya jamii ni tano ya nini, na jamii ni nani? Kila moja ya maswali haya linaweza kuulizwa leo kwa Kiswahili ambacho dereva wa gari la miraa angekielewa. Yakiandikwa kwenye karatasi mbili, yakapelekwa Maua, yangefika Garba Tula jioni hiyohiyo pamoja na mzigo.